Kurukwa Cheo Kaunti: Siku 90 Haziingoji Barua ya Bodi

Hapa Kenya, mtumishi wa kaunti aliyerukwa cheo, awe wa Lamu au wa Malindi, kwanza humwendea mwakilishi wadi amsemee. Ikishindikana, baada ya mwaka hivi humtafuta wakili, wafungue kesi Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi pale Malindi. Mara nyingi huambulia patupu hata akiwa na haki, kwa kuwa kuna mlango aliouruka.

Mlango huo ni kifungu cha 77 cha Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012. Ukidhulumiwa na uamuzi wa Bodi ya Utumishi wa Umma ya Kaunti, unakata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma, kwa maandishi, ndani ya siku 90 tangu uamuzi utolewe. Uajiri, uteuzi, sifa za nafasi, mshahara na nidhamu vyote vimo. Nayo Sheria ya Tume ya 2017, kifungu cha 87, inakataza kesi mahakamani kabla rufaa hiyo haijaisha. Wakili wa kaunti huanza na pingamizi hilo hilo, na kesi hutupwa kabla ya jaji kuuliza nani alistahili cheo.

Tatizo ni kwamba uamuzi wenyewe hauletwi na mtu. Mtumishi hujua kapitwa siku anapomwona mwenzake kahamia ofisi nyengine. Tume inaweza kupokea rufaa iliyochelewa ikiona pana sababu, lakini usiweke roho yako hapo. Itafute tarehe mwenyewe. Mwandikie katibu wa bodi: namba yako ya kazi, ngazi uliyopo na tangu lini, muundo wa utumishi wa kada yako (mwongozo wa ngazi na sifa zake) unadai miaka mingapi na vyeti gani, nafasi gani ilijazwa. Kisha omba sababu kwa maandishi chini ya Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015. Wasipotoa, sheria huchukulia hapakuwa na sababu nzuri mpaka wathibitishe vyengine. Alama za usaili ziombe kwa barua nyengine, chini ya Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016. Ofisi ina siku 21 za kukujibu.

Nenda na nakala ya pili, igongwe muhuri wa kupokelewa mbele yako. Muhuri ukififia na tarehe isisomeke, omba ugongwe tena, hata karani akikununia. Na kungoja majibu kusikupitishe siku 90. Rufaa yaweza kutangulia, sababu zikafuata.

Wengi pia hukosea hoja. "Nina miaka 12 kazini" haitoshi. Kifungu cha 232 cha Katiba kinataka ushindani wa haki na sifa. Hakuna mwenye haki ya cheo, kuna mwenye haki ya kufikiriwa kwa haki. Onyesha nafasi haikutangazwa, au aliyeteuliwa hana cheti kilichotajwa kwenye tangazo. Hoja ya "huyu si mwenyeji" iache barazani. Kifungu cha 65 cha Sheria ya Serikali za Kaunti kinataka angalau asilimia 30 ya nafasi za kuanzia kazi ziende kwa wasio wa jamii kubwa ya kaunti, kwa hivyo utakuwa umempa mpinzani wako silaha.

Na aliyekikaimu cheo, yaani kukishika kwa muda, je? Kwa watumishi wa serikali kuu, kukaimu kumewekewa siku 30 hadi miezi 6. Aliyekaimu hathibitishwi kwa kukaa tu. Posho ya kukaimu ambayo hukulipwa ndiyo dai lenye nguvu zaidi, bora uwe na barua ya uteuzi. Ya mdomo hailipiki.

Nasema wazi, utaratibu huu umeandikwa na watu wasiojua Kizingitini, kisiwani Pate. Kutoka huko ni boti hadi Amu (mji wa Lamu), boti tena hadi Mokowe, makao makuu ya kaunti, ndipo upate basi la Malindi kumwona wakili, na Tume yenyewe iko Nairobi. Bodi ingelazimishwa kumpa kila mwombaji aliyekosa barua yenye tarehe na sababu, nusu ya ugomvi huu ungeishia Mokowe.

Ukishinda, usitarajie jaji akupandishe cheo, ni nadra. Huamuru zoezi lirudiwe, au fidia. Likirudiwa, tuma maombi upya na vyeti vyote, usidhani yale ya mwanzo bado yanahesabika.