Miji ya angani na matajiri wasiosubiri upepo

Huku ninakoishi, Friedrichshafen, kusini mwa Ujerumani, vijana ninaofanya nao kazi wana mchezo wao wa Ijumaa usiku. Wanatandaza ramani mezani, wanarusha dadu, na kila mmoja ni tajiri mwenye jahazi linalopaa. Miji yao inaelea mawinguni: huu unauza chumvi, ule chuma, ule maji ya mvua. Wamenikaribisha, nami sina hiyana, nakaa nacheza. Ila jambo moja linanikera. Majahazi yao yanang'oa nanga saa yoyote. Tajiri akitaka kwenda mashariki anakwenda, akitaka kurudi anarudi usiku huohuo. Upepo wamechora pembeni ya ramani kama pambo.

Mtu wa Tanga hawezi kulimeza hilo. Kwetu hata asiyejua kuogelea anajua kwamba kaskazi inashika kuanzia Desemba hivi hadi Machi, kisha kusi inakuja na mvua zake. Majahazi ya Arabuni, Uajemi na Bara Hindi yalishuka na kaskazi yakiwa na tende na mazulia, yakapanda na kusi yakiwa na boriti za mikoko na pembe za ndovu. Katikati hapo nahodha hakuwa na ujanja. Alikaa miezi. Na mtu akikaa miezi anahitaji mwenyeji, anahitaji pa kuswali, mara anaoa, mara ana shemeji na deni mtaani. Magofu ya Tongoni kwetu Tanga na yale ya Kaole kule Bagamoyo, misikiti na makaburi yake, kwangu mimi ni kazi ya watu walioshindwa kuondoka upesi. Mji wa angani ambao kila mtu anapita tu ni ghala lenye mawingu.

Na ndiyo maisha ya huku, msinielewe vibaya. Mzigo unafika kwa dakika iliyoandikwa. Dereva anarudi nyuma mpaka mlangoni, tunashusha, anaweka saini kwenye kimashine, ameshaondoka. Dereva huyohuyo tunaonana kila wiki na sijui jina lake. Mjomba wangu alikuwa akipeleka mizigo Pemba kwa mashua, na siku za upepo mbaya alishinda ufukweni Sahare, kahawa mkononi, bao mbele yake, akitupa jicho kwenye kibendera cha mlingotini. Siku moja nikamuuliza, "Mjomba, huoni unapoteza siku?" Akasema, "Mjomba, yule pale kanikopesha magunia kumi asubuhi hii. Ningekuwa nimeshaondoka angenikopesha nani?"

Wala nisiambiwe kwamba angani mambo ni mengine. Zeppelin, vile vyombo virefu vinavyoelea angani kwa gesi, zilizaliwa mji huuhuu. Ya kwanza ilipaa juu ya ziwa letu, Bodensee, Julai 1900. Na Novemba 1917 Wajerumani walijaribu kufungua njia ya angani mpaka kwetu. Chombo L59 kiliondoka Jamboli, Bulgaria, na tani kama 15 za risasi, dawa na vifaa vya jeshi la Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani huku Afrika Mashariki, yuleyule wa vita ya Tanga ya 1914 ambayo wazee wetu wanaikumbuka kwa nyuki walioshambulia askari. Hakikukusudiwa kurudi, kwa kuwa huku Afrika hapakuwa na hidrojeni ya kukijaza tena. Kingebomolewa: kitambaa chake kishonwe mahema, mifupa yake ijengewe mnara wa redio. Jangwani jua likaipasha gesi joto, nyingine ikatoka; usiku ulipoingia na baridi chombo kikawa kizito, kikashuka nusura kianguke, mabaharia wakatupa farumi, yaani uzito wa kusawazisha chombo, na baadhi ya risasi ili kinyanyuke. Na huko Sudan walipata amri ya redio warudi. Saa 95 hewani, zaidi ya kilomita 6,700, na shehena haikushuka. Hata leo zeppelin za watalii hapa hupumzishwa majira ya baridi. Anga nayo ina kusi yake.

Sasa kuna ndugu zangu huko nyumbani watafurahi, waseme kumbe kuchelewa ni sifa. Hapana. Kusubiri kusi si sawa na kusubiri muhuri. Karani anayekwambia njoo kesho, na kesho akakwambia mwenye ufunguo hayupo, yule hana upepo wowote anaoungoja, na mitaa haijengwi kwa foleni zake. Kwa hilo Wajerumani wametushinda na sioni haya kulisema.

Halafu kwenye ramani ile hakuna mpagazi hata mmoja. Chuma kinatoka mji huu kinatokea mji ule, basi. Bagamoyo ilitajirika kwa pembe zilizotoka Tabora na Ujiji mabegani mwa watu, Wanyamwezi wengi wakibeba kwa ujira, na wengine wakiletwa pwani wao wenyewe wakiwa bidhaa. Nilipowauliza wenzangu nani anashusha shehena kwenye miji yao, wakatazamana. Jamani, sisi ndio tunaoshusha! Zamu ya usiku, glavu mikononi, mgongo unalia. Mpagazi wa njia ya angani ni mimi. Tofauti ni kwamba ujira wangu unaingia tarehe ileile kila mwezi, jambo ambalo mjomba, kwa miaka yote aliyosafirisha mizigo ya matajiri wa Tanga, hakuwahi kuliona.