Hongera ya nini sasa?

Juzi kwenye grupu letu la Wabongo wa huku California jamaa mmoja katupia picha, kapiga suti kali, kasimama nje ya mahakama ya kaunti na karatasi mkononi, pembeni yuko baba yake kwenye kiti cha magurudumu, kavalishwa koti ambalo dhahiri si lake maana mikono imemmeza hadi vidole havionekani. Chini kaandika, "Mungu ni mwema, leo rasmi nimekuwa konsaveta wa mzee." Weee, hongera zikamiminika, makeki, mikono ya kupiga makofi, mmoja akauliza pati lini.

Hongera ya nini jamani? Mnajua mnachokipongeza?

Kwetu ukimtaja konsaveta mtu anawaza Ngorongoro, mhifadhi, jamaa wa kaki na Landkruza. Sasa mzee wetu si faru. Huku konsaveta ni mtu aliyeteuliwa na jaji amwamulie mtu mzima mwenzake, na wako wa aina mbili, wa mali na wa mtu mwenyewe, mara nyingi mmoja anabeba vyote viwili. Wa mali anashika akaunti, pensheni, nyumba. Huyo mwingine anaamua mzee aishi wapi, atunzwe vipi, na jaji akimpa mamlaka hayo hata matibabu anaamua yeye. (Majimbo mengi mengine wa mtu wanamwita gadiani na konsaveta anabaki na mali tu, kwa hiyo ushauri wa binamu yako wa jimbo lingine uache hukohuko.) Mama alivyoniuliza kwenye simu nikamwambia ni msimamizi wa mirathi, ila marehemu yupo hai na anakunywa uji. Na wasimamizi wetu wa mirathi tunawajua, kikao cha ukoo kikimpitisha jumamosi, jumapili anajiona ndo mrithi peke yake.

Haya, nikubali kwa shingo upande, kuna watu wanahitaji kitu hiki. Mimi nabeba boksi, nalea wazee mwaka wa tisa huu, nishamlea bibi mmoja wa Kizungu matapeli wakimpigia simu anatoka mbio kununua kadi za zawadi anawasomea namba, kesho kasahau, ananunua tena. Yule asingepata wa kumshikia pochi angelala nje. Na kwenye hela sheria ina breki zake, konsaveta anaorodhesha mali yote ndani ya siku 90, anapeleka hesabu mahakamani. Sawa.

Mi ugomvi wangu ni neno "sitaki". Ndo linalochukuliwa. Ukishaandikwa kwamba hujiwezi, kila ukisema sitaki inakuwa dalili ya ugonjwa, ukilia ni dalili, ukinyamaza umekubali. Mnamkumbuka Britney Spears, yule mwimbaji wa Kimarekani? 2008 Los Angeles, baba yake kakabidhiwa ukonsaveta wake, kwanza kwa muda tu eti, ikawa miaka 13. Ndani ya hiyo miaka huyo asiyejiweza katoa albamu, kapiga shoo Las Vegas kuanzia 2013 mpaka mwisho wa 2017, kaingiza mamilioni, yaani kichwa kinakumbuka hatua zote za dansi mbele ya maelfu ya watu ila wakili wa kumtetea akaambiwa hana akili ya kumchagua! Karuhusiwa kuchagua wa kwake Julai 2021. Wiki tatu kabla, tarehe 23 Juni, kamwambia jaji kwamba ana kitanzi, anataka kwenda kukitoa azae mtoto, na hawamruhusu kumwona daktari. Mwanamke wa miaka 39. Na mawakili waliokuwa wanapinga asiachiwe wanalipwa kwa hela yake, hii ndo ilinimaliza kabisa, unanunua kamba ya kukufunga halafu unaombwa risiti. Ukonsaveta ukafutwa 12 Novemba 2021. Siku ile ya Juni alisema pia kwamba hakuwa anajua anaweza kuomba ufutwe. Miaka 13 na mawakili wamejaa chumba, hajui!

Halafu Michael Oher, yule mchezaji wa futiboli ya Kimarekani. 2004 kule Tennessee, kijana wa miaka 18, anasema aliambiwa karatasi ile ni sawasawa tu na kuasiliwa, kasaini akijua kapata wazazi. Familia hiyo iliyomchukua, ya Tuohy, inakana kumdhulumu, haya, ila ukonsaveta ulikuwepo kweli na jaji kaufuta 2023. Karibu miaka 20.

Na msiniambie hapakuwa na njia nyingine kwa mzee. Sheria ya California inasema jaji asiteue konsaveta kama kuna njia nyepesi inayotosha. Mzee angesaini hati ya kumpa mwanawe uwakilishi, wa benki na wa hospitali, basi, na siku akikorofishwa anaifuta mwenyewe bila kumpigia jaji magoti. Kiharusi kilimpiga mkono wa kulia na ulimi, akili haikuguswa. Huyu ndo mtunza daftari letu la michango ya misiba, siku hizi anaandika kwa kushoto, herufi zinapanda na kushuka kama barabara ya Lushoto, ila muulize nani aliahidi dola hamsini mwaka juzi na hajatoa mpaka leo, atakutajia na tarehe. (Nipo kwenye hilo daftari, tuyaache.)

Jana nikampigia. Kapokea mwenyewe, cha kwanza kauliza Yanga wamepata ngapi. Tukacheka, tukazunguka zunguka, nikamuuliza mzee, juzi mahakamani ilikuwaje. Akasema salama tu, kuna mama mmoja alikuja nyumbani kabla ya siku yenyewe na mafaili, mpole kweli, kamuuliza maswali mengi kwa Kiingereza cha harakaharaka, naye akawa anaitikia yes, yes, asimchoshe mgeni.

Nikamuuliza, na ile karatasi mzee, unaijua ni ya nini?

"Si ya bima?"