Kamba ya shingoni na samaki wa sahani: kuutazama uvuvi wa minandi mto Nagara

Unausikia kabla hujauona. "Ho! Ho!" inatoka gizani juu ya mto, kisha moto unachomoza kwenye kona. Ni kikapu cha chuma kilichoning'inizwa kwenye omo ya mashua nyembamba yenye urefu wa mita 13 hivi; kuni za msonobari zinawaka ndani yake na cheche zinazimikia majini. Nyuma ya moto amesimama mvuvi. Kiunoni amejifunga sketi ya majani makavu ya mpunga inayomkinga na maji, kichwani amezungusha kitambaa cheusi cheche zisimuunguze nywele. Mkono wake wa kushoto umebana kamba 10, wakati mwingine 12, na mwisho wa kila kamba kuna mnandi, yule ndege mweusi mpiga mbizi. Shingoni mwa kila mnandi pana kamba nyingine, fupi, iliyofungwa kwa kipimo: samaki mdogo anapita kwenda tumboni, mkubwa anabaki kooni.

Wajapani wanauita uvuvi huu ukai. Hapa Gifu, katikati ya Japani, umekuwepo kwa zaidi ya miaka 1,300, na siku hizi msimu unafunguliwa tarehe 11 Mei na kufungwa tarehe 15 Oktoba. Mimi niliuona mwezi Agosti, nimekaa kwenye boti ya watalii iliyokuwa ikiteremka sambamba na mashua ya mvuvi, karibu kiasi cha kuhisi joto la moto usoni. Ndege alizama, akaibuka koo limevimba, akavutwa hadi ubavuni mwa mashua, akafunguliwa mdomo, na samaki watatu wanaong'aa wakadondoka kapuni. Abiria wote tulipiga makofi. Kisha nikamwona ndege yuleyule anarudishwa majini mdomo mtupu, na furaha ikaingia doa.

Ubishi juu ya jambo hili unajulikana. Upande mmoja wanasema huu ni ukatili unaouzwa kwa tiketi. Upande wa pili wanasema ni urithi, na mgeni asiyejua mila anyamaze. Hoja hii ya mwisho ndiyo ninayoikataa kwanza, kwa sababu historia ya Gifu yenyewe inaikanusha. Mshairi Matsuo Basho alifika hapa mwaka 1688, akautazama uvuvi huu, akaandika shairi la mistari mitatu linalosema kwamba mashua ya minandi inafurahisha, na muda si mrefu inahuzunisha. Huyo alikuwa Mjapani, tena mwenye kuupenda mto. Kwa hiyo anayeshuka botini na moyo mzito hajaleta hisia za kigeni. Amefika palepale wenyeji walipofika zamani.

Lakini moyo mzito peke yake si hoja, kwa hiyo tuitazame hiyo kamba.

Mvuvi wa ukai anaitwa usho. Kabla ya kwenda mtoni anampapasa kila ndege kujua afya na njaa yake, ndipo anamfunga shingo. Akikaza mno, ndege hali kitu. Akilegeza, samaki wote wanaishia tumboni na kazi hakuna. Kipimo hicho hakifundishwi kwa kitabu. Ile kamba ndefu ya mkononi nayo ni kazi ya ufundi. Inasokotwa kwa nyuzi za mti wa hinoki, na ina tabia ya ajabu: ukiivuta haikatiki, ila ukiisokota kinyume inaachia. Ndege akinasa kwenye jiwe chini ya maji, usho anazungusha vidole, kamba inakatika, mnandi anaokoka. Mtu asiyejali uhai wa ndege asingehangaika na nyuzi za namna hiyo.

Wanaotetea ukai huongeza kwamba minandi hawa wanaishi nyumbani kwa usho mwaka mzima, wanalishwa hata miezi ambayo hawafanyi kazi, na wapo wanaozidi miaka 15. Mnandi mpya anafunzwa kwa miaka kama mitatu kabla hajahesabiwa kuwa mvuvi. Yote hayo nayakubali.

Ninachoona hakijibiwi vizuri ni mwanzo wa maisha hayo. Minandi wa Gifu hawazaliwi Gifu. Ni ndege wa baharini wanaonaswa kwenye majabali ya pwani ya Hitachi, mkoa wa Ibaraki, wakiwa huru, kisha wanapelekwa kwa wavuvi. Siku ya kwanza ya utumwa wa ndege haipo kwenye tiketi ya mtalii, na kwangu ina uzito kuliko fundo la shingoni, ambalo linafungwa jioni na kufunguliwa usiku uleule. Na si kweli kwamba hakuna njia nyingine. Katika mji wa Uji, karibu na Kyoto, ambako pia wana ukai, mwaka 2014 minandi waliokuwa wakifugwa walitaga na kifaranga akaanguliwa. Hapo ndipo msafiri mwenye dhamira angeelekeza swali lake, kwa adabu: ndege wa kesho watatoka wapi?

Tuje kwenye uhalisia. Wapo wasafiri wanaolalamika kwamba ukai siku hizi ni maonyesho tu, si uvuvi wa kweli. Ni sahihi kwamba hakuna anayelisha familia kwa kuuza samaki wa minandi. Mji wa Gifu una usho 6, na jirani zao wa Oze, mji wa Seki, wapo 3. Wote 9 wana cheo rasmi cha wavuvi wa Kasri la Kifalme, na kazi inarithiwa baba kwa mwana. Cheo hicho kilitolewa mwaka 1890, baada ya watawala wa zamani waliokuwa wakiwalinda wavuvi kuanguka na ukai kubaki yatima. Mara 8 kwa msimu wanavua mahsusi kwa ajili ya Kasri. Siku nyingine zote, riziki ya ukai inashikiliwa na boti za watazamaji. Wazee wetu walisema mgeni njoo mwenyeji apone, na hapa maneno hayo ni ya kweli kabisa: watalii wakikosekana, sioni nani atalipia kuni, ndege, mashua na wasaidizi wawili wanaopiga pondo katikati na tezini.

Tena uvuvi huu haujawahi kuwa wa chakula tu. Oda Nobunaga, mbabe wa vita aliyeitwaa Gifu mwaka 1567, aliwalinda wavuvi hawa na kuwakaribishia wageni wake kwa ukai. Enzi za akina Tokugawa, ukoo uliokuwa ukitawala Japani, samaki wa mto huu walichachushwa pamoja na wali na kusafirishwa hadi Edo, Tokyo ya leo, kama zawadi kwa mtawala. Kumkirimu mgeni kwa moto na samaki ni sehemu ya mila yenyewe tangu hapo, kwa hiyo anayetafuta ukai usio na watazamaji anatafuta kitu ambacho hata wazee wa Gifu hawakijui.

Kilichonishawishi kwamba bado ni uvuvi ni mwezi. Usiku wa mwezi mpevu wa vuli hawatoki, kama wasivyotoka mto ukifurika. Mvuvi wa dagaa wa Kigoma au Mwanza hahitaji kuelezwa sababu: mbalamwezi ikitanda, karabai haina kazi. Tofauti ni kwamba dagaa wanaifuata taa, ilhali samaki wa Nagara wanashtuliwa na moto, wanakurupuka kwenye mawe, magamba yanametameta na mnandi anawaona.

Samaki huyo anaitwa ayu, na hapa ndipo msafiri anapaswa kufungua macho zaidi. Ni mwembamba, anaishi mwaka mmoja tu, na akiwa mtoni chakula chake ni ule ukoga unaoota juu ya mawe. Ukimnusa akiwa mbichi ananukia tikiti maji, au tango. Nilidhani ni maneno ya matangazo mpaka nilipomshika mkononi mwangu. Kwa kumchoma wanampitisha kijiti kwa mawimbi, mkia umeinuka kama bado anaogelea, wanampaka chumvi nyingi kwenye mapezi yasiungue, kisha wanamsimamisha kando ya makaa. Analiwa mzima na matumbo yake. Uchungu wa matumbo ndio wenyeji wanaousifu, kwani ndiyo ladha ya mawe ya mto wenyewe. Ulimi wangu ulichukua samaki wawili kuuelewa.

Ila abiria wengi wanaamini wanakula samaki waliotoka mdomoni mwa mnandi. Kwa kawaida sivyo. Ayu wa minandi ni wachache na hawaandaliwi botini; anayeletwa kwenye sahani mara nyingi amevuliwa kwa njia nyingine au amefugwa bwawani. Si kosa kuuza samaki wa kufugwa. Kosa ni kuuacha moto na mandhari vimwaminishe mgeni jambo lisilokuwepo. Ukimwuliza mpishi, atakueleza, na bei nayo hueleza.

Anayetaka kuonja uvuvi na chakula kwa pamoja ningemwelekeza juu zaidi ya mto, upande wa Gujo. Kule kiangazi wanaume kwa wanawake wanasimama majini hadi mapajani, mikononi fimbo ndefu hadi mita 9, na kwenye mshipi hawaweki chambo bali ayu hai. Ayu ana wivu na jiwe lake. Akimwona mwenzake amesogea, anamvamia ubavuni, na ndoana inamnasa. Kuna pia yana, uzio wa mianzi uliotandazwa kwa mteremko kukata mkondo, samaki wanaoteremka wanabwagwa juu yake wakirukaruka, na kwenye baadhi yake vibanda vya kuchomea vipo hapohapo ukingoni. Huko hakuna ndege wala kamba, na njia ya samaki kutoka majini hadi mdomoni unaiona kwa macho.

Hata hivyo, kamba na sahani vyote viwili vinategemea ayu wapande mto, na jambo hilo halisemwi sana botini. Ayu huanguliwa vuli sehemu za chini za mto, vifaranga wanachukuliwa na maji hadi baharini, na masika wanarudi. Tangu mwaka 1995, kilomita zipatazo 5 kutoka mdomo wa mto kuna kizuizi kikubwa chenye milango. Waliokijenga walitoa sababu za mafuriko na maji ya chumvi, na mafuriko ya Nagara si hadithi. Walijenga pia ngazi za kupandia samaki. Wapinzani wanasema maji yamepoa mwendo, na kifaranga mwenye akiba ya chakula ya siku chache anaisha nguvu kabla hajafika baharini. Mwaka 2015 Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa (FAO) liliuorodhesha mfumo wa ayu wa Nagara kuwa urithi wa kilimo wa dunia, na mwaka huohuo Japani iliupa ufundi wa ukai hadhi ya urithi wa taifa. Heshima zote hizo ni haki yake, lakini haziwezi kumfikisha kifaranga mmoja baharini. Anayemlilia mnandi na kuusahau mto, na anayeisifu mila na kuusahau mto, nawaona wako kundi moja.

Usiku ule mashua zote 6 zilimalizia kwa kupangana upana wa mto mzima, moto sita ukisukuma samaki kwenye maji mafupi. Boti yetu ikatia nanga, abiria wengi wakakimbilia mabasi. Nilibaki ukingoni. Usho alipandisha ndege wake ubavuni mwa mashua, akawafungua shingo mmoja mmoja kwa vidole viwili, akawapa samaki. Safari hii waliwameza. Kisha akawaweka kwenye matenga wawiliwawili, kila mmoja na mwenzake aliyezoeana naye, kwa sababu ukiwachanganya hovyo wanapigana. Mmoja alikataa kuingia, akabaki kwenye ukingo wa mashua amekunjua mbawa kuzikausha. Usho akaketi kumsubiri.