Mzazi anayemkatalia binti yake kuigiza si mshamba

Kila inapozungumzwa filamu ya Zanzibar, haupiti muda mzazi huingizwa katika lawama. Yeye ndiye aliyewafungia mabinti ndani, yeye ndiye asemaye kuigiza ni uhuni, na kwa sababu yake maprodyuza wanavuka na boti kutoka Dar pamoja na waigizaji wao wa kike. Kwa wenye hoja hii mzazi huyo ni mshamba tu, aelimishwe.

Hasara wanayoilalamikia ni ya kweli. Filamu ya Vuta N'kuvute ya Amil Shivji, iliyooneshwa kwenye tamasha la Toronto mwaka 2021 na mwaka uliofuata Tanzania ikaipeleka kuwania Oscar, ilimpa Siti Amina nafasi ya Mwajuma. Sisi tulimzoea jukwaani kama mwimbaji na mpiga udi, ile ala ya nyuzi ya taarab. Alipofungua mdomo kwenye filamu, hukuhitaji kuambiwa kuwa hapa ni Unguja. Sasa tazama michezo mingine inayopigwa huku: bibi wa Makunduchi anazungumza kama mzaliwa wa Kariakoo, halafu anaketishwa baraza ya nje mchana kweupe, kichwa wazi, katikati ya wanaume na vikombe vyao vya kahawa. Ikipigwa hodi anafungua mlango bila hata kuuliza nani. Bibi wa namna hiyo Makunduchi hayupo, na wa kumsahihisha prodyuza hayupo pia, kwa kuwa wote waliokuja naye ni wageni.

Ila kusema mzazi wa Kizanzibari haijui sanaa ni kumwonea. Bibi zetu walizijaza sinema za Majestic pale Vuga na Cine Afrique pale Malindi, zikiwapo shoo za wanawake peke yao, wakamlilia Nargis, nyota wa filamu za Kihindi, mpaka kanga zikarowa. Kwenye lelemama, ngoma ya wanawake, na kwenye taarab walikuwa na vyama vyao wenyewe, wakishindana sare na mafumbo. Jukwaa wanalijua. Wanajua pia yaliyowafika waliolipanda.

Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab, alitoka Fumba, na mwaka 1928 akasafiri mpaka Bombay kurikodi santuri. Jina likavuma mwambao mzima, na huku nyumbani akatungiwa nyimbo za kumsimanga kwa ufukara aliokuja nao mjini. Lakini aliyewakaa wazazi moyoni hasa ni mwimbaji Bi Kidude. Alizungushwa Ulaya na kwingineko, mwaka 2005 akatunukiwa tuzo ya WOMEX, maonesho ya kimataifa ya muziki, filamu nzima ikatengenezwa juu ya maisha yake, sura yake ikawa ndiyo sura ya Zanzibar kwa wageni. Alipofariki Aprili 2013 hakuwa tajiri, na watu wakabaki wakiulizana fedha zilikwenda wapi. Wapo wasemao alizigawa mwenyewe, na kwa ukarimu wake sishangai. Mama mwenye binti yeye anaona jambo jingine: mwanamke aliyejulikana dunia nzima, uzeeni bado anapanda jukwaani. Na huyo ndiye aliyefika juu kuliko wote. Je, binti wa Mwanakwerekwe anayeitwa akaigize mke mwenza, kwa posho na nauli?

Maana mara nyingi mapatano ni hayo, tena ya mdomo. Mchezo ukishapigwa unawekwa YouTube, unatazamwa miaka, yeye hana karatasi ya kuonesha hata kama anataka kudai. Mwimbaji angalau anaweza kwenda COSOZA, ofisi ya hakimiliki ya Zanzibar, kuulizia mirabaha ya wimbo wake. Juu ya hapo kuna jambo ambalo zama za Siti halikuwapo. Santuri ilibeba sauti tu. Siku hizi onesho ambalo binti anamtukana mumewe wa mchezoni hukatwa likawa klipu, halina mwanzo wala mwisho, likazunguka WhatsApp hadi kwa watu wanaojiandaa kuleta posa. Mji wenyewe huu, binti wa nani anajulikana kabla jina lake halijatajwa.

Wapo wanaokataa kwa dini tu, na hao mkataba hautawabadilisha. Siwasemei wala siwapingi. Nawazungumzia wale wengi ambao kinywani hutaja heshima, na ukikaa nao ukawasikiliza, wanapiga hesabu.

Baraza la Sanaa, Sensa ya Filamu na Utamaduni lina kazi ya kukagua filamu. Mimi ningependa likague na karatasi: prodyuza akija, aoneshe mwigizaji atalipwa nini, mchezo ukiuzwa kwenye televisheni atapata nini, na nani mwenye ruhusa ya kukata vipande na kuvirusha. Nakala iende kwa binti, aisome na wazee wake. Prodyuza mdogo atalalamika kuwa gharama zitapanda, na kweli zitapanda. Kwa sasa gharama hizo anazibeba binti na watu wa kwao, na ndiyo maana wanakataa.