Bangili za mawe hazikuwa za kuvaliwa
Makala inadai kwamba mapambo ya mawe yanayofukuliwa katika makaburi ya enzi ya Kofun (takriban karne ya 3 hadi ya 7) huko Japani ni vito alivyovivaa marehemu enzi za uhai wake. Kwa magatama, zile shanga zenye umbo la alama ya mkato (,), zilizochongwa kwa jedi, jiwe gumu la kijani, kutoka eneo la Itoigawa huko Japani na ambazo mara nyingi hukutwa penye shingo au kifua, nakubali. Kwa bangili za mawe, nakataa kabisa. Katika kaburi la Shimanoyama, mkoani Nara, bangili zaidi ya 130 zilipangwa juu ya udongo wa mfinyanzi uliofunika jeneza, wala hazikuvishwa mkononi mwa mtu. Niliwahi kuitazama kwa karibu moja ya aina hiyo katika jumba la makumbusho: jiwe la kijani kilichofifia, lenye mifuo iliyotoka kwenye tundu la katikati hadi ukingoni kama mbavu za kombe la baharini, kwa kuwa bangili hizi ziliiga bangili za zamani zaidi zilizotengenezwa kwa makombe kutoka bahari za kusini. Je, wasomaji wenzangu, mnadhani zilipangwa pale ili kumlinda marehemu, au zilikuwa heshima ya mwisho ya waliomzika?