Mwanasesere kwenye mashine ya nyama: Averty na watazamaji wake

Mkono unazungusha mpini. Mwanasesere wa seluloidi, mfano wa mtoto mchanga, anazama taratibu ndani ya mashine ya kusagia nyama. Picha hiyo, isiyo na rangi, iliingia sebuleni mwa Wafaransa kupitia Les Raisins verts, yaani "Zabibu Mbichi", kipindi cha televisheni cha vichekesho, muziki na dansi alichokianzisha mwongozaji Mfaransa Jean-Christophe Averty Oktoba 1963. Watu walighadhibika, na barua za malalamiko zikamiminika. Zaidi ya miaka 60 imepita, na jina la Averty likitajwa tu, mashine ile nayo inatajwa.

Mimi namtetea Averty, na sababu yangu kubwa ni kazi yenyewe. Sehemu kubwa ya burudani ya televisheni siku zile ilikuwa kamera kuwekwa mbele ya jukwaa la maigizo au uwanja wa sarakasi. Yeye aliona huo ni uvivu. Alichora mpangilio wa picha mapema, akawasimamisha waigizaji mbele ya ukuta mtupu, kisha kwa mitambo akaunganisha picha za kamera mbili kuwa moja: kichwa kikaelea, mtu akatembea juu ya mchoro. Alijiona kama mpangaji wa kurasa za jarida kuliko mwongozaji wa jukwaa. Ukitazama mikato ya haraka na maandishi yanayocheza kwenye skrini za leo, utaona mtu huyu alifika mapema sana.

Na mwanasesere ni mwanasesere. Hakuna mtoto aliyeguswa. Averty alitaka kumgutusha mtazamaji aliyezoea kubembelezwa, na kichekesho kinachogutusha lazima kiguse mahali panapouma.

Lakini siwezi kuwaita waliolalamika washamba, kama mashabiki wake wengine wanavyopenda kufanya. Vita Kuu ya Pili ilikuwa imeisha miaka 18 tu kabla, na ile ya Algeria mwaka mmoja kabla. Katika nyumba zile walikuwamo watu waliozika watoto wao. Kumwambia mama wa namna hiyo kwamba hajui utani ni kukosa utu.

Kuna jambo jingine ambalo kwangu ni zito zaidi. Oktoba 1963 Ufaransa nzima ilikuwa na chaneli moja, ya dola, chini ya Wizara ya Habari. Kila mwenye televisheni alilipa ada ya mwaka, apende asipende. Asiyefurahishwa na filamu huondoka ukumbini. Mtazamaji wa televisheni alikuwa amekwisha kulipa, na chaguo lake lilikuwa kutazama au kuzima. Hasira yake ilikuwa ya mwenye mali.

Hata hivyo, hoja hiyohiyo ina upande wa pili. Kama chaneli ni moja na ni ya wote, basi ni yao pia wale waliochoshwa na nyimbo tamu na vichekesho vya harusini. Wangepata wapi kingine? Ndiyo maana naona waliomruhusu Averty kuendelea hadi 1964 walifanya uamuzi mgumu, na sahihi. Mwaka 1965 akaleta Ubu roi, tamthilia ya mwandishi Mfaransa Alfred Jarry, kwa mbinu zilezile. Baadaye, kwa miaka mingi, sauti yake yenye kithembe ikasikika redioni France Inter akipiga santuri za zamani. Alifariki Machi 2017.

Chaneli ya pili ilifunguliwa Aprili 1964. Ila picha yake iliundwa kwa mistari 625 kwenye skrini, ilhali televisheni nyingi zilizokuwa majumbani zilitengenezwa kwa mistari 819. Aliyekuwa na seti ya zamani hakuipata, na kitufe chake kiliendelea kuwa kilekile cha kuwasha na kuzima.