Msinidai huruma kwa sababu ya jina

Jumamosi tulikaa kikao cha familia nyumbani, Tukuyu. Msimu uliopita nilimkopesha kaka yangu laki nane, hela ya parachichi zangu, akaahidi kurudisha kabla ya Krismasi. Hajarudisha hata mia. Nikasimama kulisema. Kabla sijafika mbali baba mdogo akanikatiza: "Mwanangu, wewe si ndiye Kisa? Msamehe ndugu yako, yaishe."

Wote wakaitikia. Nikakaa, koo limenikaba.

Ikisa kwetu Wanyakyusa ni huruma, ndiko lilikotoka jina langu. Dar wanaponiuliza "kisa gani?" hainisumbui, hawajui Kinyakyusa. Linaloniuma ni la nyumbani, ambako maana inajulikana. Shule ya msingi nikigombea daftari langu naambiwa Kisa gani huyu hana huruma. Bombani nikikataa kurukwa kwenye foleni, lile lile. Nimeachia vitu vingi maishani kwa kuogopa sentensi hiyo moja.

Na kaka anaitwa Lusajo, yaani baraka. Siku ile hakuna aliyemuuliza baraka yake iko wapi. Kwa nini jina la mwanamke ndilo linalodaiwa?

Mimi naona tunayasoma vibaya majina yetu. Rungwe, ambako wamisionari Wamoravian walianza kazi mwaka 1891, simama kanisani uite Lugano, Ipyana au Lwitiko, uone wanavyogeuka: upendo, neema, imani. Nani kati yao aliapa chochote? Tazameni majina ambayo ni sentensi nzima. Tusajigwe, tumebarikiwa. Tulinagwe, tuko naye. Wanaosema hapo ni baba na mama, wanaeleza yaliyowapata wao na Mungu wao. Mtoto yumo ndani ya kanga, hata kunyonya bado hajajua. Mama alizika watoto wawili kabla yangu. Mimi nilipolia nikiwa mzima, akatamka neno lililokuwa moyoni mwake, likawa jina. Ile ilikuwa shukrani yake. Leo shukrani ya mama inageuzwa kamba ya kunifungia mdomo nisidai jasho langu, na wanaofanya hivyo ni watu wazima wanaoijua historia yote hiyo.

Sawa, jina limenifaa pia. Pale soko la Mwanjelwa, Mbeya, mama wa ndizi akilisikia tu, ni "ugonile", salamu yetu, na nyongeza ya mkono mzima. Nalipenda. Wala sitalibadilisha.

Baada ya kikao mama alinikuta jikoni namenya ndizi za mbalaga. Akachukua kisu, akamenya tatu hivi bila neno, vidole vimeshika weusi wa utomvu. Halafu akasema, "Aliyenihurumia ni Mungu. Wewe nilikuita hivyo ili mimi nisisahau."

Akanawa mikono, akamwita kaka kutoka barazani, akamuuliza mbele yangu atalipa lini.